Idi Amin na picha iliyokatwa: Maisha ya mtawala aliyeiogopa filamu

Juma hili tumeona ni vyema tueleze maisha ya mtu ambaye jina lake linajulikana katika kila nyumba ya Kanda ya Ziwa, kuanzia Bukoba hadi Shinyanga, lakini ambaye watoto wetu wanamjua zaidi kwa filamu kuliko kwa historia. Mtu huyo ni Idi Amin Dada, aliyeitawala Uganda kwa muda wa miaka minane.

Sababu ya kumchagua ni hii. Katika machimbo ya dhahabu ya Geita na Kahama, na katika mitaa ya Shinyanga mjini, kibanda cha video kimekuwa kwa miaka mingi ndiyo baraza ya jioni ya vijana. Humo, na siku hizi katika simu zao za mkononi, ndimo wengi wao walimomwona Amin: jitu lenye kicheko kikubwa, nishani tele kifuani na damu mikononi. Kijana hurudi nyumbani akamwuliza mzazi wake iwapo ni kweli mtu yule alikuwa Muislamu. Mzazi mmoja hughadhibika, akasema yote yale ni uzushi wa maadui wa dini. Mwingine huona haya, akanyamaza. Majibu yote mawili hayamtoshi kijana, wala hayaitendei haki historia. Yafaa basi tuyapitie maisha ya mtu huyu kwa utulivu, na hasa tuitazame ile filamu iliyomghadhibisha mwenyewe hata akawashika watu wasio na hatia ili ikatwe.

Utoto na maisha ya jeshini

Idi Amin alizaliwa karibu na mwaka 1925. Baba yake alikuwa Mkakwa, na mama yake Mlugbara, makabila ya eneo la Nile Magharibi, pale Uganda inapopakana na Sudan Kusini na Kongo. Baba alikuwa amesilimu, na mtoto akalelewa katika Uislamu. Sehemu ya ujana wake aliipitisha Bombo, mji wa Wanubi ulioko kaskazini ya Kampala, ambako alisoma Qurani. Elimu ya shule aliyoipata ilikuwa haba mno.

Mwaka 1946 alijiunga na jeshi la wakoloni wa Kiingereza, King's African Rifles, akaanzia jikoni akiwa msaidizi wa mpishi. Mwili wake mkubwa na utiifu wake uliwapendeza maofisa wa Kizungu. Alipelekwa Kenya kupigana na Mau Mau, akapanda vyeo, na kwa muda wa miaka kadhaa kuanzia 1951 akawa bingwa wa ndondi wa Uganda. Mwaka 1961, mwaka mmoja tu kabla ya uhuru, alikuwa miongoni mwa Waganda wawili wa kwanza kufanywa maofisa kamili. Lugha yake ya kambini ilikuwa Kiswahili, na alipokuja kutawala aliamuru mwaka 1973 kuwa Kiswahili kiwe lugha ya taifa la Uganda. Hata hivyo, kwa kuwa kilitamkwa na askari wenye bunduki, wananchi wengi wa huko walijifunza kukiogopa kabla ya kukipenda.

Kushika dola

Tarehe 25 Januari 1971, Rais Milton Obote alipokuwa Singapore katika mkutano wa nchi za Jumuiya ya Madola, Amin alipindua serikali. Mitaa ya Kampala ilijaa shangwe. Waislamu wa Uganda, ambao kwa muda mrefu walikuwa nyuma katika elimu na vyeo vya serikali, walikuwa na sababu yao ya kutumaini. Na ni haki tuseme kwamba yako mambo waliyoyapata: Baraza Kuu la Waislamu wa Uganda liliundwa mwaka 1972, kilima cha Old Kampala kikatengwa kwa ajili ya msikiti mkuu, na mwaka 1974 Uganda ikaingia katika Jumuiya ya Nchi za Kiislamu. Msikiti ule ulikwama kabla haujakamilika. Ulikuja kumalizwa miaka mingi baadaye kwa msaada wa Libya, na unasimama hadi leo.

Lakini mizani haipimi upande mmoja. Mwezi Agosti 1972 Amin aliwapa watu wa asili ya Kiasia siku 90 waondoke Uganda. Makumi ya maelfu walifungasha, wakaacha maduka, viwanda na makaburi ya wazee wao, na wengi miongoni mwao walikuwa Waislamu. Mwezi Septemba mwaka huohuo Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka alikamatwa, asionekane tena. Mwezi Januari 1973 aliyekuwa waziri wa serikali iliyopita, Shaban Nkutu, Muislamu wa Busoga, aliuawa na maiti yake ikatupwa katika Mto Nile. Kwa hiyo anayedai kuwa Amin aliwaua Wakristo tu kwa ajili ya Uislamu hasemi kweli, na anayedai kuwa aliwalinda Waislamu naye hasemi kweli. Aliyeshukiwa aliangamia, awe anasali msikitini au kanisani.

Nasi wa kusini mwa ziwa tulipata fungu letu mapema. Septemba 1972, baada ya wafuasi wa Obote kuvamia Uganda wakitokea Tanzania na kushindwa, ndege za Amin zilishambulia Bukoba na Mwanza. Geita wakati ule ilikuwa wilaya ya Mkoa wa Mwanza. Wazee wa pande hizo hawakumjua Amin kwa filamu. Walimjua kwa ngurumo za ndege zake. Mapatano ya Mogadishu ya Oktoba mwaka ule yaliituliza vita, lakini uadui ulibaki.

Filamu ya mwaka 1974

Katika hali hiyo alifika Kampala mtengenezaji wa filamu kutoka Ufaransa, Barbet Schroeder, akiwa na mpiga picha mashuhuri Néstor Almendros. Amin aliwapokea kwa furaha. Alikuwa mtu apendaye kutazamwa, na aliona kuwa amepata mtu wa kuuonyesha ulimwengu ukubwa wake. Yeye mwenyewe ndiye aliyeamua sehemu kubwa ya mambo ya kupigwa picha, na hata muziki unaosikika katika filamu ile ni wa kodiani anayoipiga yeye. Ndiyo maana mtengenezaji aliiita filamu ile taswira ya mtu aliyejichora mwenyewe.

Hapo ndipo penye mazingatio. Schroeder hakuwa na haja ya kumtukana. Alimwachia uwanja, akaacha kamera ifanye kazi yake. Watazamaji walimwona Amin akisafiri kwa mashua mtoni akiwasalimu tembo na mamba kana kwamba nao ni raia zake. Walimwona akiongoza mazoezi ya kuiteka milima ya Golan kwa vifaru vichache na askari waliokuwa wakikimbia kilimani. Walimwona akishindana kuogelea, akiwaziba njia wenzake ili ashinde yeye. Walimwona akizungumza na madaktari wa Uganda, na kamera ikautulia uso wake anapowasikiliza, uso uliojaa wasiwasi wa mtu asiyemwamini yeyote. Zaidi ya yote, walimwona katika kikao cha baraza la mawaziri akiwakaripia wasaidizi wake, na hasa waziri wake wa mambo ya nje, Michael Ondoga. Haukupita muda mrefu maiti ya Ondoga ikaokotwa katika Mto Nile, na filamu ikalieleza jambo hilo kwa maneno machache.

Schroeder alitengeneza namna mbili za filamu yake. Moja, ya muda wa saa moja, alimpelekea Amin, naye akaifurahia. Nyingine, iliyokuwa ndefu zaidi na yenye maelezo yasiyompendeza mtawala, ilionyeshwa Ulaya. Amin alipopata habari aliwatuma watu wake London wakaitazame na kuandika kila kilichosemwa. Baada ya hapo alidai sehemu fulani zikatwe. Schroeder alikataa.

Mateka wa filamu

Ndipo Amin alipotumia njia ambayo ni nadra kusikika katika historia ya sinema. Raia wa Ufaransa waliokuwa Uganda, idadi yao karibu 200, walikusanywa hotelini, na askari wakaizunguka hoteli hiyo. Walipewa namba ya simu ya Schroeder, wakaelezwa kwamba kuachiwa kwao kunategemea mkasi wake. Walimu, wataalamu na familia zao wakawa rehani ya picha ambazo wengi wao hawakuwa wameziona. Schroeder aliukubali mkasi. Sehemu ya dakika mbili na nusu hivi iliondolewa, na mahali pake yakawekwa maandishi yanayomjulisha mtazamaji kuwa pengo lile limetokana na Amin. Watu wakaachiwa.

Tujiulize, ndugu zetu, ni nini kilichopatikana. Aliyeitazama filamu baada ya hapo aliona pengo, na pengo lilizungumza kwa sauti kubwa kuliko picha zilizoondolewa. Amin alipoanguka mwaka 1979, sehemu zile zilirudishwa mahali pake. Dakika mbili na nusu zilifichwa kwa miaka michache tu, lakini habari ya kuwashika watu wasio na hatia kwa ajili ya dakika hizo imebaki ikisimuliwa hadi leo, na imekuwa sehemu ya filamu yenyewe.

Iko picha nyingine aliyoikata mwaka huohuo wa 1974, nayo haina umaarufu wa ile ya Schroeder. Kwa kelele za walimwengu juu ya watu waliopotea, Amin aliunda tume ya kuchunguza kupotea kwao tangu siku aliyotwaa madaraka. Mwenyekiti wake alikuwa Jaji Mohamed Saied, mtu wa asili ya Pakistan. Tume ile ilifanya kazi katika mazingira ya hatari, ikasikiliza mashahidi, ikakusanya habari za watu 308 waliopotea, na ikaelekeza lawama kwa vyombo vya usalama vya serikali yenyewe. Taarifa yake Amin hakuitangaza kwa wananchi. Hiyo haikuwa kazi ya mtengenezaji wa filamu wala ya adui wa dini. Ilikuwa kazi ya tume aliyoiunda yeye, ikiongozwa na jaji mwenye jina la Mtume wetu. Lau angeisikiliza, huenda maelfu ya watu wangesalimika. Aliyeogopa filamu alikuwa ameshakabidhiwa kioo, akakigeuza kielekee ukutani.

Funzo kutoka Washington

Kabla hatujaendelea, inafaa tuitaje habari ya miaka michache baadaye, kwa kuwa inatuhusu sisi Waislamu moja kwa moja. Mtengenezaji filamu wa Kisyria aliyezaliwa Aleppo, Moustapha Akkad, alitengeneza filamu ya maisha ya Mtume (S.A.W.) iitwayo The Message, maarufu kama Ar-Risala, iliyotoka mwaka 1976. Mtume haonyeshwi sura wala haisikiki sauti yake. Hata hivyo uvumi ulienea kuwa mwigizaji Anthony Quinn ameigiza nafasi ya Mtume, ilhali aliigiza nafasi ya Hamza, ammi yake. Tarehe 9 Machi 1977 watu 12 wenye silaha waliyavamia majengo matatu mjini Washington, wakashika mateka 149. Kiongozi wao alikuwa na msiba mzito wa familia yake iliyouawa miaka minne nyuma, lakini miongoni mwa madai yake lilikuwa kuzuiwa kwa filamu ile. Mwandishi wa habari mmoja aliuawa. Mkasa ulimalizika tarehe 11 Machi, baada ya mabalozi wa Misri, Pakistan na Iran kukaa na wavamizi hao na kuwasomea aya za Qurani.

Mmoja alishika mateka kwa ajili ya sura yake mwenyewe, na wengine wakashika mateka wakidhani wanailinda heshima ya Mtume. Nia zilitofautiana, lakini aliyekuwa rehani katika visa vyote viwili ni mtu asiyehusika. Na filamu ile iliyodaiwa kuwa ni kufuru mwaka 1977 ndiyo hiyo ambayo mwaka 2018 iliruhusiwa kuonyeshwa katika majumba ya sinema ya Saudi Arabia. Mwenyezi Mungu ametuamrisha katika Suratul Hujurat tuhakikishe habari kabla ya kuitendea kazi, tusije tukawadhuru watu kwa kutojua kisha tukajuta. Lau uvumi ule ungepimwa kwa amri hiyo, yule mwandishi angerudi kwao jioni ile.

Kuelekea anguko

Turudi kwa Amin. Mwezi Julai 1976 makomandoo wa Israel waliwaokoa mateka waliokuwa katika uwanja wa ndege wa Entebbe, na tukio hilo likazaa filamu kadhaa kabla ya mwaka mmoja kupita. Katika mojawapo, mwigizaji Mmarekani Godfrey Cambridge aliyekuwa akiigiza nafasi ya Amin alifariki ghafla akiwa kazini, na Amin akatangaza kuwa hiyo ni adhabu ya Mungu. Mwezi Februari 1977 Askofu Mkuu Janani Luwum aliuawa. Serikali ikatangaza kuwa alikufa kwa ajali ya gari, nayo ikawa picha nyingine iliyotengenezwa ambayo haikuaminiwa na wengi.

Mwishoni mwa Oktoba 1978 majeshi ya Amin yaliuvamia ukingo wa Kagera, yakapora, yakaua, na Amin akatangaza kuwa eneo lile ni la Uganda. Tanzania iliingia vitani. Wanamgambo, polisi, askari magereza na vijana wa Jeshi la Kujenga Taifa waliongezwa katika jeshi kutoka kila mkoa, na mikoa ya Shinyanga na Mwanza ikiwemo. Mwishoni mwa Machi 1979 ndege ya Libya, iliyotumwa kumsaidia Amin, ilikuja kuipiga bohari ya mafuta ya Mwanza. Ikakosa shabaha, mabomu yakaangukia kisiwa cha Saanane na kuua wanyama waliohifadhiwa pale. Tarehe 11 Aprili 1979 Kampala ilikuwa mikononi mwa majeshi ya Tanzania na wapiganaji wa Uganda, na Amin alikuwa amekwisha kukimbia.

Kuna gharama ambayo hakuna filamu yoyote kati ya hizo tulizozitaja iliyoionyesha, nayo ililipwa Shinyanga. Baada ya vita, nchi iliingia katika dhiki ya bidhaa, na wananchi wakatakiwa kufunga mikanda. Silaha zilizotoka vitani ziliingia mikononi mwa majambazi na wezi wa mifugo. Ng'ombe, ambao kwa Msukuma na Mnyamwezi ni akiba, mahari na heshima, waliswagwa usiku kwa mitutu ya bunduki. Hapo ndipo wanakijiji wa Kahama na jirani zake, kati ya mwaka 1981 na 1982, walipojipanga wenyewe kwa pinde, mishale na mbiu, likazaliwa jeshi la jadi la sungusungu lililoenea Shinyanga, Tabora na Mwanza. Sungusungu walikuwa na makosa yao, na wako walioumizwa bila haki. Lakini bibi aliyezibiwa zizi lake na wezi wenye bunduki alikuwa sehemu ya historia ya Idi Amin, ingawa hakuna aliyempelekea kamera.

Walioachwa nyuma

Amin alikimbilia Libya, kisha Saudi Arabia, ambako alipewa hifadhi kwa masharti ya kukaa mbali na siasa. Aliishi Jeddah kwa zaidi ya miaka ishirini, akifariki tarehe 16 Agosti 2003, na akazikwa hukohuko. Hakusimama mbele ya mahakama yoyote ya duniani. Makadirio ya waliouawa katika utawala wake yanaanzia makumi ya maelfu hadi laki tatu na zaidi.

Waliosimama mahali pake ni wale aliowaacha. Mwaka 1979 huko Ankole, magharibi ya Uganda, Waislamu wa vijijini waliuawa na wengine kufukuzwa makwao kwa kulipiziwa kisasi. Katika Nile Magharibi, eneo la asili yake, askari wa serikali mpya walifanya mauaji ambayo yaliwasukuma maelfu ya watu kuvuka mpaka kuingia Sudan na Zaire. Mkulima ambaye hakuwahi kuiona ikulu alihukumiwa kwa dini yake au kwa lugha yake, kwa kuwa picha ya mtu mmoja ilikuwa imebandikwa juu ya uso wake. Hilo ndilo jambo zito kabisa katika maisha ya Amin kwa familia ya Kiislamu kulijua: dhalimu anayebeba jina lenu hawadhulumu maadui zenu tu, huwaachieni nanyi deni la kulipa.

Filamu zilizofuata

Mwaka 1981 ilitoka filamu ya The Rise and Fall of Idi Amin, iliyopigwa Kenya na kuongozwa na Sharad Patel, ambamo Mkenya Joseph Olita aliigiza nafasi ya Amin. Hiyo ndiyo iliyozunguka zaidi Afrika Mashariki kwa kanda za video, na ndiyo iliyomwonyesha Amin akila nyama ya watu, jambo ambalo halijapata kuthibitishwa. Mwaka 2006 ikatoka The Last King of Scotland, iliyompa mwigizaji Forest Whitaker tuzo ya Oscar mwaka uliofuata. Daktari wa Kizungu ambaye hadithi nzima inapita machoni pake hakuwahi kuwepo. Ametoka katika riwaya. Watoto wa Amin, na hasa Jaffar, walilalamika hadharani kuwa baba yao amezuliwa mambo.

Malalamiko hayo yana haki yake na yana mpaka wake. Kumzulia mtu ni dhulma hata kama mtu huyo ni dhalimu, kwani Qurani katika Suratul Maida imetukataza kuacha uadilifu kwa sababu ya chuki. Lakini uongo wa filamu moja hauzifuti habari za watu 308 za Jaji Saied, wala haumrudishi Shaban Nkutu kwa watoto wake. Mzazi anayemwambia kijana wake kwamba lile la kula watu halina ushahidi, na hapohapo akamwambia kwamba mauaji yana ushahidi, amemfundisha uadilifu kuliko khutba ndefu.

Nasi wa Kanda ya Ziwa tumekwisha kujaribiwa katika jambo hilihili. Mwaka 2004 Hubert Sauper, mtu wa Austria, alitoa filamu ya Darwin's Nightmare kuhusu biashara ya sangara Mwanza. Ilionyesha minofu ikisafirishwa Ulaya na wananchi wakila mapanki, na ikadokeza kuwa ndege za samaki huleta silaha. Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliilaani, watu wakaandamana Mwanza, na waliosaidia kuitengeneza wakapata misukosuko. Dai la silaha lilihitaji ushahidi, na suala la mapanki lilihitaji jibu. Ghadhabu haikutoa lolote kati ya hayo mawili.

Haimaanishi kuwa kila filamu iachiwe. Nchi yetu ina sheria ya filamu na michezo ya kuigiza tangu mwaka 1976, na mzazi ana sheria ya nyumba yake tangu siku aliyopata mtoto. Zipo picha ambazo hazifai machoni pa watoto, na kuzizuia ni wajibu. Lakini kuna tofauti kubwa baina ya kumkinga mtoto na uchafu na kumficha mtu mzima ukweli. Mkasi wa kwanza ni wa mlezi. Mkasi wa pili ni wa mwenye hatia.

Idi Amin alikuwa na majeshi, ndege, magereza na redio. Alivitumia vyote kuisimamia sura yake, na hakubakiwa na hata kimoja cha kuisimamia. Waja wanaweza kukatiana filamu, lakini daftari la amali halina mkasi, na siku litakapofunguliwa hakuna atakayeshikiwa mateka ili ukurasa uondolewe.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu awarehemu wote waliodhulumiwa, awape subira waliofiwa, atukinge na dhulma ya ulimi na ya mkono, na atujaalie kuwa wenye kuhakikisha kabla ya kughadhibika. Amin.